Miaka ya Kuruti Simu Digo Road

Kila nikisikia vijana wakisimulia habari za kuruti simu, yaani kujipa mamlaka yote juu ya mfumo wake, kama mchezo wa watundu wa kompyuta, anayenijia akilini ni mwalimu mmoja wa shule ya msingi kutoka Likoni. Ilikuwa mwaka 2011. Alivuka feri baada ya vipindi, akaja kwenye kibanda cha ami yangu kando ya Digo Road, Mombasa, na simu mpya iliyokuwa imemchosha. Kila akijaribu kuweka programu, simu inamjibu kwamba nafasi imejaa. Na ndani yake mlikuwa na kadi ya memori ya gigabaiti 2, karibu yote tupu.

"Fundi," alimwambia ami, "hii ni nyumba nimeilipia mwenyewe. Mbona chumba kikubwa nimefungiwa?"

Ami alicheka, lakini jibu hakuwa nalo, maana mwalimu alisema kweli.

Simu yenyewe ilikuwa Huawei Ideos, na waliokuwepo wakati ule hawawezi kuisahau: kioo cha inchi 2.8, kifuniko cha nyuma cha rangi, kamera isiyofaa kitu jua likishatua. Safaricom waliileta sokoni mapema mwaka ule kwa kama shilingi 8,000, na kwa bei hiyo watu ambao Android waliisikia tu kwa wengine wakaishika mkononi. Makanga, makarani wa bandarini, wanafunzi wa chuo, wauza viungo wa Marikiti. Lakini ilikuwa na RAM ya megabaiti 256, na nafasi iliyobakia kwa programu za mwenye simu haikufika megabaiti 200. Android 2.2 iliruhusu programu kuhamishiwa kwenye kadi, ila zile tu ambazo watengenezaji wake wameridhia, na hata hizo ziliacha sehemu yao ndani ya simu. Juu ya hayo kulikuwa na programu zilizotoka nayo kiwandani, ambazo hutaki, huzitumii, na huwezi kuzifuta.

Hiyo ndiyo sababu watu wetu walikuja kuruti. Wachache mno walitaka kuonyesha ubingwa. Wengi walikuwa na simu moja tu, iliyogharimu mshahara wa wiki kadhaa, nao walitaka ifanye kazi waliyoinunulia.

Ami alikuwa ameianza kazi hii zamani. Nilipoanza kukaa kwenye kile kibanda, nikiwa kijana wa shule, miaka ya 2003 na 2004, alikuwa akifungua Nokia zilizoletwa na mabaharia na jamaa wa Ulaya zikiwa zimefungwa kwa mtandao wa huko. Alihitaji namba ya IMEI, ile inayoitambulisha simu yenyewe, na programu ndogo ya kukokotoa msimbo. Ukishauandika sawasawa, simu inapokea laini yoyote. Ukikosea mara tano, njia hiyo imefungwa, na sasa itakulazimu utafute waya na kisanduku. Kwa hiyo ami alizoea tangu mapema kufanya kazi ambayo kila hatua ina bei yake. Aliandika msimbo pole pole, akinisomea namba moja moja na mimi nikiitikia.

Android ilikuja na jambo zito zaidi. Kufungua Nokia kulibadilisha mtandao tu. Kuruti kulimpa mwenye simu mamlaka ya juu kabisa ndani ya mfumo: kufuta chochote, kubadilisha chochote, kusoma faili la programu yoyote. Na mamlaka hayo, yakishakuwepo, yanaweza kutumiwa na yeyote atakayeyafikia.

Mikono ya ami ikifanya kazi ile bado naiona. Kwanza aliuliza namba za watu zimehifadhiwa kwenye laini au kwenye simu. Kisha akatazama chaji, kwa sababu simu inayozimika katikati ya kuandikiwa mfumo huenda isiwake tena. Laptopu yetu ilikuwa ya Windows XP, betri yake imekufa kitambo, ikiishi kwa umeme tuliovuta kutoka duka la jirani. Aliingia kwenye mipangilio ya simu, akawasha ile sehemu ya watengenezaji programu inayoruhusu kompyuta kuiamrisha simu kupitia waya wa USB. Draiva zilisumbua, zilisumbua kila siku. Hatimaye akafungua programu iitwayo SuperOneClick na kubofya kitufe kilichoandikwa Root. Mistari ya maandishi ikaanza kuteremka kwenye kioo. Ikikwama katikati, anazima na kuwasha tena ile ruhusa ya USB, nayo inaendelea.

Mwisho alifungua dirisha jeusi la amri. Kabla ya kazi, mstari ule uliishia kwa alama ya dola. Sasa uliishia kwa alama ya reli. "Umeona?" akaniambia. "Simu imekubali."

Kwa mwalimu wa Likoni, yaliyofuata yalikuwa kuigawa kadi ya memori sehemu mbili na kuweka programu iitwayo Link2SD, inayohamishia programu kwenye ile sehemu ya pili huku mfumo ukidhani bado ziko ndani. Aliondoka na simu yenye nafasi, uso umemchangamka. Ami alimwonya jambo moja tu: kadi ile asiichomoe, wala asinunue ya bei ya kutupa. Mitaani kulikuwa na kadi zilizoandikwa gigabaiti 8 na ndani zina 1 au 2, zinazopokea data kwa furaha mpaka zikijaa zinaanza kufuta za mwanzo. Mtu mwenye programu zake zote kwenye kadi ya namna hiyo aliamka siku moja na kukuta hana hata moja.

Mimi nilitaka kujua kile kitufe kilifanya nini hasa. Ami, aliyekuwa akisoma usiku kwenye saiba ya jirani, alinieleza, na maelezo yale ndiyo yaliyonifanya niipende kazi hii. Ndani ya programu ile mlikuwa na kipande cha msimbo kiitwacho rageagainstthecage, alichokiandika mtafiti wa usalama Sebastian Krahmer mwaka 2010. Kwenye Android za wakati ule, huduma inayozungumza na kompyuta kupitia waya wa USB ilianza kazi ikiwa na mamlaka yote, halafu ikayavua yenyewe na kubaki na madogo. Msimbo wa Krahmer ulizalisha michakato midogo midogo mfululizo mpaka idadi inayoruhusiwa ikajaa, kisha ukaiua ile huduma ili ianze upya. Ilipoanza na kutaka kuvua mamlaka, mfumo uliikatalia kwa kuwa idadi imejaa. Na hakuna mhandisi aliyekuwa ameandika kwamba ikikataliwa isimame. Basi ikaendelea na mamlaka yake yote, na sisi tukaingia nyuma yake.

Kosa la mstari mmoja tu. Simu ya kwanza kabisa ya Android iliyouzwa, ile G1 ya mwaka 2008 iliyotengenezwa na HTC, ilikuwa na kosa la ajabu zaidi: kila neno ulilolichapa, hata kwenye ujumbe kwa rafiki, lilipelekwa pia kwenye dirisha la siri la amri lenye mamlaka yote. Ukichapa neno reboot peke yake kwenye mstari, simu inajizima na kuwaka upya. Watu wa mwanzo kuiruti G1 walipitia hapo hapo.

Sasa nifike kwenye jambo lililonikalia moyoni miaka yote hii.

Mwezi Machi 2011, zaidi ya programu 50 kwenye soko rasmi la Google ziligunduliwa kuwa na kirusi kilichopewa jina la DroidDream. Nyingi zilikuwa nakala za programu halali zilizofunguliwa, zikatiwa sumu na kufungwa tena. Kirusi kile kiliingia kwa kutumia rageagainstthecage, pamoja na msimbo mwingine wa Krahmer uitwao exploid. Ni kazi ile ile tuliyokuwa tukiifanya pale mezani, ila hapa hapakuwa na mtu aliyebofya Root wala aliyeuliza kama chaji inatosha. Kilichukua IMEI ya simu na namba ya utambulisho wa laini, kikazituma kwenye seva, kisha kikaweka programu nyingine ya siri iliyoweza kupakua zaidi. Kilipangwa kifanye sehemu kubwa ya kazi yake kati ya saa tano usiku na saa mbili asubuhi, mwenye simu akiwa amelala. Google waliziondoa programu zile sokoni, kisha wakatumia uwezo wao wa kuzifuta kwa mbali hata ndani ya simu za watu.

Kabla mwaka haujaisha yalijirudia. GingerBreak, iliyotolewa mwezi Aprili, ilituwezesha kuruti Android 2.3. Mwezi Agosti, Xuxian Jiang na wenzake wa Chuo Kikuu cha Jimbo cha North Carolina walitangaza kirusi kiitwacho GingerMaster kilichobeba GingerBreak ndani yake.

Wapo waliosema, na wapo wanaosema hadi leo, kwamba waliojiletea balaa ni wanaoruti. Nililiona jambo hili kwa macho yangu na sikubaliani nao. Shimo lililotumiwa na DroidDream lilikuwemo kwenye simu ya kila mtu, iliyorutiwa na isiyorutiwa. Dawa yake ilikuwa mfumo mpya, na simu za bei nafuu hazikuwa zikiletewa mfumo mpya. Kwa wengi njia pekee ya kupata Android 2.3 kwenye Ideos ilikuwa kuweka CyanogenMod 7, mfumo wa watu wa kujitolea ulioanzishwa na Steve Kondik. Na ili uuweke, kwa kawaida ulianza kwa kuruti. Mtu aliyebaki na simu kama ilivyotoka dukani alibaki na shimo. Aliyeruti akapata mfumo mpya aliliziba lile la zamani, lakini akawa ameweka mlango mwingine anaopaswa kuulinda mwenyewe.

Na hapo ndipo hatari ya kweli ilipokuwa, kwenye kuulinda. Programu ya Superuser ilimuuliza mwenye simu kila mara: programu fulani inaomba mamlaka, ruhusu au kataa? Mtoto akicheza gemu anabofya ruhusu. Baba akiwa na haraka anabofya ruhusu. Wakati ule programu zilisambaa kwa Bluetooth na kwa kuazimana kadi za memori, nyumba hadi nyumba, hakuna ajuaye zimetoka wapi. Simu ambayo haijarutiwa, programu chafu hulazimika kutafuta njia yake. Simu iliyorutiwa, inaomba tu. Kwa hiyo ami alianza kuwakalisha wateja chini kabla ya kuwarudishia simu, akawaonyesha lile swali linavyotokea, na kuwaambia: usipoijua, kataa. Wengine walisikiliza.

Usiku wa tarehe 30 Septemba 2012 mambo yalibadilika kwa namna nyingine. Tume ya Mawasiliano ya Kenya iliamuru mitandao izime simu feki, na zaidi ya simu milioni moja zikanyamaza. Tanzania ilifanya vivyo hivyo mwezi Juni 2016. Kuanzia hapo IMEI haikuwa tena namba iliyoandikwa chini ya betri ambayo hakuna anayeisoma. Simu isiyo na IMEI halali haipati mtandao, na isipopata mtandao haina M-Pesa.

Na hapo ndipo mafundi wengi walipoumiza watu. Zilikuwa zimeingia simu za laini mbili zenye chipu za MediaTek, rahisi na imara. Kwa kuruti kulikuwa na Framaroot, ambayo unaiweka kwenye simu yenyewe bila kompyuta, kisha unachagua njia. Njia zenyewe zilipewa majina ya wahusika wa hadithi, kina Gandalf na Boromir, nasi tukawa tukitaja majina yale kutwa nzima kama ya majirani. Ukikosa, unajaribu nyingine. Ubaya ulikuja pale simu ilipokwama kwenye nembo baada ya mtu kufuta programu ya mfumo asiyoijua kazi yake. Ndipo inapelekwa kwa fundi, naye anaiandikia mfumo upya kwa programu ya kompyuta ya MediaTek. Ndani ya programu ile kuna chaguo la kufuta kila kitu kabla ya kuandika. Ukilichagua hilo, unafuta pia sehemu inayohifadhi IMEI na vipimo vya redio ya simu.

Alikuja kwetu mama mmoja wa Kisauni, muuza mahamri. Mwanawe alikuwa ameiruti simu yake, ikakwama, ikapelekwa kwenye kibanda fulani mjini, ikarudi inawaka vizuri na mandhari mapya ya kupendeza. Ila haishiki mtandao. Ami alibofya nyota reli sifuri sita reli. Kwenye kioo pakatokea maneno Invalid IMEI, mara mbili, moja kwa kila laini. Yule mama hakujua maana yake. Alichojua ni kwamba wateja wake walikuwa wakimlipia kwa M-Pesa, na tangu juzi hakuna aliyeweza kumlipa.

"Mwanangu," alimwambia ami, japo walikaribiana umri, "niambie kweli. Imekufa?"

Ami aligeuza simu, akatoa betri, akasoma ile karatasi ndogo iliyobandikwa chini yake. Namba zote mbili zilikuwepo, moja imefifia kidogo. Alinipa kikuza nikamsomea. Akazirudisha zile zile, tarakimu kumi na tano kila moja, akazima, akawasha. Mtandao ulirudi, na ujumbe wa siku zile ukaanza kuingia mmoja baada ya mwingine. Mama yule aliketi kwenye kigoda chetu akasoma kila mmoja.

Wiki ile ile alikuja kijana aliyetaka simu yake, ambayo alisema aliiokota, ipewe IMEI nyingine. Ami alimrudishia bila kuigusa. Sheria ya Kenya inakataza kubadilisha namba hiyo, na ami alisema mbele ya watu wote waliokuwa pale kwamba hata isingekataza asingefanya, kwa sababu mahali fulani yuko mtu anayeitafuta simu ile.

Kwa simu za bei ya juu, hasara ilikuwa ya namna nyingine. Samsung walipoleta mfumo wao wa usalama, Knox, mwaka 2013, waliweka ndani ya chipu fyuzi inayoungua pale unapoandika mfumo usio wao. Wakati ule uliingia kwenye hali ya kupakua kwa kushikilia kitufe cha sauti ya chini, cha nyumbani na cha kuwasha kwa pamoja, na kusoma: 0x0 ni salama, 0x1 imeungua. Hairudi. Unaweza kurejesha mfumo wa kiwandani wote, simu ikawa kama mpya, na namba ile itabaki 1 mpaka simu iishe. Nimewaona watu wakiitazama namba hiyo muda mrefu, wakitumaini macho yao ndiyo yaliyokosea.

Ndiyo maana Juni 2014 mdukuzi George Hotz alipotoa Towelroot, tuliipokea kwa shangwe. Ilitumia kosa lililokuwa ndani ya kiini cha Linux chenyewe, ikaruti simu nyingi bila kuigusa ile fyuzi. Unaweka, unabofya, sekunde chache, basi. Miaka miwili na ushei baadaye, Novemba 2016, kampuni ya Check Point ilitangaza kirusi kiitwacho Gooligan kilichokuwa kimeingilia akaunti zaidi ya milioni moja za Google. Miongoni mwa njia zake za kuingilia ilikuwa Towelroot. Kikishaingia, kiliiba tokeni za akaunti, kwa hiyo hakikuhitaji hata nywila. Kosa lile lilikuwa limekwisha kurekebishwa na watu wa Linux mwaka 2014. Simu zilizovamiwa zilikuwa za Android 4 na 5, ambazo marekebisho hayakuzifikia.

Mara tatu nimeshuhudia jambo moja: msimbo uliomfungulia mwenye simu, ukageuka na kumfungulia mwizi. Na mara zote tatu walioumia zaidi walikuwa wenye simu za bei nafuu na za zamani, zilizoachwa bila marekebisho. Hasira yangu iko hapo. Kampuni ikishauza simu, ikaiacha na shimo linalojulikana dunia nzima, halafu ikamwambia mnunuzi kwamba akijaribu kuliziba mwenyewe amepoteza dhamana, imemnyima haki mara mbili.

Kazi ya kuruti ilipungua yenyewe. Simu zilikuja na nafasi za kutosha. Programu za benki zikaanza kukataa kufunguka kwenye simu iliyorutiwa, na wateja wale wale tuliowarutia wakarudi kutaka turudishe kama ilivyokuwa. John Wu alipotoa Magisk mwaka 2016, iliyobadilisha mfumo bila kugusa sehemu yake kuu na kuweza kujificha, kulianza mbio kati ya wanaoruti na wakaguzi wa Google ambazo hazijaisha. CyanogenMod ilifungwa Desemba mwaka huo, na watu wake wakaendelea na LineageOS, ambayo hadi leo inazipa uhai simu ambazo watengenezaji wake wamezitelekeza.

Ami amestaafu na kibanda ninacho mimi. Akija mtu leo anataka kuruti, namuuliza maswali ya ami na mengine ya wakati huu. Je, mtengenezaji anaruhusu rasmi kufungua bootloda, ile programu inayouwasha mfumo? Kama haruhusu, siendi kwa programu za kubofya mara moja zisizojulikana mwenyewe. Anajua kwamba kufungua huko kunafuta kila kitu kilichomo, kwa makusudi, ili aliyeiokota simu asisome siri za mwenyewe? Ana simu nyingine ya M-Pesa na benki? Picha za watoto ziko wapi zaidi ya hapa? Kama ana majibu, tunakaa asubuhi, umeme ukiwa umetulia, na kwanza kabisa naandika IMEI zake kwenye daftari, nakala moja yake na moja yangu. Kama hana, namrudishia simu yake na kumwambia aje akiwa na majibu.